Bwana Maabara Hakula Kwangu

Miaka tisa yule mtu alikuwa akikaa kwenye benchi langu kila siku ya gulio pale Mabamba, na miaka tisa hakutia hata tonge moja la chakula changu mdomoni. Na mimi sijisifu, lakini uliza. Uliza madereva wa malori, uliza walimu, uliza kina mama wanaovuka kutoka Burundi na mikungu ya ndizi kichwani. Wote watakwambia sombe la Mama Odetha, kisamvu kilichotwangwa kikalainika, mawese juu, dagaa wa Kigoma ndani, halina mpinzani. Hata padri alikuwa akikunja mikono ya shati. Yeye sasa! Anakaa, ananisalimu, anauliza habari za mwanangu, halafu anaingiza mkono kwenye mkoba wake na kutoa karanga za kuchemsha zilizofungwa kwenye kitambaa. Anabanja moja moja, maganda anayarudisha mkobani.

"Karibu chakula, Bwana Maabara."

"Ahsante, Mama Odetha. Nimeshiba."

Ameshiba nini, karanga? Ningemsamehe kama asingekuwa anajua. Watu wengine pale sokoni waliiona mikono yangu tu. Yeye alikuwa ameona kilichokuwa tumboni mwangu, tena kwa darubini. Kwa hiyo kila aliposema ameshiba, mimi nilisikia kwamba mikono yangu bado haijatakata. Hilo ndilo nililotaka kulijua kutoka kwake, na ndilo lililonipeleka mpaka Rungwe Mpya mwaka huu. Nitafika huko, msiniharakishe.

Jina lake nalijua, lakini hakuna aliyelitumia. Sisi tulikuwa na Bwana Shamba, tuna Bwana Mifugo, na yeye akawa Bwana Maabara. Alikuwa wa hospitali kule Kibondo mjini, na kila Alhamisi, siku yetu ya gulio, alipanda pikipiki na sanduku lake la darubini nyuma, akaja kupima kwenye zahanati yetu. Kiswahili chake kilikuwa kimenyooka, si hiki chetu ambacho Kiha na Kirundi vinakiingilia mlango wa nyuma. Alijifunza neno moja tu la hapa, "Mwakeye", salamu ya asubuhi, na akalitumia asubuhi, mchana na jioni, mpaka vikongwe wakawa wanamsubiri jua likizama ili wapate kucheka.

Alikuwa mrefu, shingo imeinama kwa sababu ya kazi, na jicho la kushoto alilifumba nusu hata anapoongea na wewe, utadhani bado yuko kwenye kioo chake. Koti lake jeupe alilifua mwenyewe na kulipiga pasi, lakini kalamu ilimvujia mfukoni, kwa hiyo hakuna koti lake lililokosa doa la bluu kifuani. Kucha zake alizikata mpaka unaona huruma. Ukimpa mkono alikupa, ila kwanza aliutazama.

Neno lake kubwa lilikuwa "sijaona". Mganga wa zahanati, kijana aliyetoka chuo, alikuwa na haraka. Mtoto akiletwa na joto, anatangaza malaria kabla mama hajaketi.

"Umeiona?" anauliza Bwana Maabara.

"Mzee, mtoto anachemka!"

"Homa nimeiona. Malaria sijaiona. Nipe damu."

Basi tunangoja, mama anasonya, foleni inalalamika, yeye ameinamia darubini kimya. Siku nyingine anainuka anasema malaria ipo. Siku nyingine anainuka anasema hapa pana kitu kingine, mpeleke Kibondo, na usimpe dawa ya kubahatisha. Watu walimchukia kwa ucheleweshaji ule. Waliompenda ni wale ambao watoto wao walikuwa na kitu kingine.

Na uongo hakuujua, hata ule mdogo wa kumfariji mgonjwa. Kulikuwa na mama mmoja wa kwetu, amekonda, hana ndugu, amelazwa pale zahanati anasubiri gari la wagonjwa. Akamuuliza, "Baba, nitapona?" Sisi wote tulikuwa tayari kuitikia utapona, utapona. Yeye akavuta kiti akakaa karibu naye kabisa. "Sijui," akasema. "Ila kesho nipo." Na kesho yake, ambayo haikuwa Alhamisi, alikuja kutoka Kibondo na chupa ya uji. Gari lilikuwa bado halijafika, akambeba yule mama mwenyewe kwa kuazima gari la parokia. Yule mama bado yupo, anauza vitunguu mbele yangu, na ukimtaja Bwana Maabara anajifuta macho kwa kanga.

Lakini msije mkadhani alikuwa malaika. Alikuwa mkali, mbishi, na mwoga wa sindano. Ndiyo, sindano! Mtu aliyetoboa vidole vya wilaya nzima, siku walipokuja kuwachanja watumishi wa afya, alifumba macho yote mawili, akamshika muuguzi mkono na kuimba wimbo wa kanisani kwa sauti ya chini. Tulimchungulia dirishani. Alipofumbua macho akatuona, akasema, "Sasa mmeona," akaondoka na shati halijafungwa vifungo.

Mimi kuanza kumjua kwa karibu kulitokana na Odetha; kabla ya hapo alipita tu sokoni, benchi langu hakulikalia. Mwanangu alikuwa darasa la pili alipoanza kuanguka. Anasimama vizuri, anacheza, mara macho yanageuka, mwili unakakamaa, anaanguka na kutupatupa miguu. Mabukwe, yaani mama mkwe wangu, alisema ni mizimu ya upande wangu imetufuata kutoka Burundi. Mimi nilizaliwa hapa hapa, uraia ninao, lakini mizimu naona haikupewa taarifa. Mwalimu akamrudisha nyumbani, eti anawatisha wenzake. Tukawa tunamficha chumba cha nyuma siku za wageni. Naandika haya na aibu inanirudia.

Siku moja ya gulio nilikuja naye kwa sababu hakukuwa na wa kumwachia. Akaanguka katikati ya soko, kati ya nyanya na mitumba. Jamani, watu walikimbia! Kwetu wanaamini mate ya mwenye kifafa yakikugusa nawe umekwisha. Watu niliowalisha miaka na miaka walirukia ng'ambo ya mtaro. Mimi mwenyewe nilibaki nimesimama na mwiko mkononi. Mtu mmoja tu alikuja mbio kuelekea kwake. Bwana Maabara alipiga magoti kwenye tope na suruali yake iliyopigwa pasi, akamgeuza Odetha ubavu, akakunja sweta yake akaiweka chini ya kichwa chake. Mtu mmoja akapiga kelele akitaka atiwe kijiko mdomoni. "Weka kijiko chako kwenye ugali!" akafoka. Mate ya mwanangu yalimtiririkia mkononi na kwenye mkono wa koti, na hakuufuta mpaka mtoto alipotulia na kufumbua macho.

"Mwakeye, Odetha," akamwambia. Ilikuwa saa nane mchana.

Mnaona sasa kwa nini nilichanganyikiwa na mtu huyu. Mate yaliyokimbiwa na kijiji kizima yeye aliyashika, halafu ugali wangu akaukataa.

Alipomaliza kunawa, na alinawa kwa muda mrefu sana, hakuniuliza habari za mizimu. Aliniuliza, "Nyumbani mna nguruwe?" Nikamtazama nikadhani jua limempiga. Nikamwambia tunao watatu, wanazunguka wenyewe, hawana taabu. Akatoa daftari la jalada gumu mkobani na kuandika. Baadaye nilikuja kujua kwamba katika daftari lile alikuwa ameandika kila mtoto aliyeletwa kupimwa malaria kwa sababu ya degedege na malaria isionekane, na kijiji anachotoka, na kama kwao wanafuga nguruwe. Hakuna aliyemtuma. Alikuwa ameona tu kwamba vijiji vinajirudia. Alikuwa ameandika barua kwa wakubwa, moja baada ya nyingine, na hakujibiwa, na bado kila mara aliandika nyingine.

Siku ikafika barua moja ikajibiwa. Watafiti wakaja na gari jeupe, vijana wa mjini wenye viatu vya kutembelea lami, na yeye akiwatangulia kwa pikipiki. Walitueleza, tukatia saini na dole gumba, halafu wakagawa vikopo vyenye vifuniko, kila mtu wa nyumba chake, jina limeandikwa ubavuni. Nyumba yangu ilipewa sita: mabukwe, mume wangu, mimi na watoto watatu. Asubuhi wangepita kuvichukua, vikiwa na choo ndani.

Asubuhi ikawa balaa. Mume wangu ameshakwenda shambani, mpaka ng'ambo ya mto. Watoto wawili wamekimbilia shule na haja haikuwabana. Odetha analia hataki. Mabukwe amekaa kizingitini amekunja mikono. "Choo changu kiende Dar es Salaam kufanya nini?" anauliza. "Oya, hapana! Nimekataa." Na gari nalisikia linapanda kilima.

Sasa elewa malezi yangu. Kwetu chombo cha mtu hakirudi kitupu. Jirani akikuletea maziwa kwenye kibuyu, unakirudisha na maharage, na kama huna maharage unatia hata viazi viwili. Kurudisha chombo kitupu ni kumwambia mwenye chombo asirudi tena. Na huyu si jirani tu, ni mtu aliyepiga magoti kwenye tope kwa ajili ya mwanangu. Aje na vikopo sita aondoke na vitano vitupu? Nife kwanza! Nikaenda nyuma ya nyumba na kijiti, nikagawa cha kwangu mara sita, sawasawa kabisa, kama ninavyogawa mboga kwenye sahani za wateja. Nikafunga vifuniko, nikavipanga kwenye ungo, nikawakabidhi kwa mikono miwili. Yule kijana wa mjini akanishukuru, akasema nyumba yangu ni ya mfano. Nilitembea kifua mbele wiki nzima.

Alhamisi mbili baadaye Bwana Maabara alikuja nyumbani peke yake. Akakataa kiti, akakaa juu ya kinu kilichopinduliwa, akavua miwani.

"Mama Odetha, watu sita wa nyumba hii wote wana mayai ya mnyoo tumboni. Wote sita. Tena wote wamekula sombe lile lile, wakameza mbegu za nyanya zile zile, na ukucha mmoja wa dagaa umekatika vipande viwili, kimoja kimeingia kwa mume wako na kingine kwa mama mkwe wako." Dagaa hana ukucha, lakini sikuthubutu kumsahihisha. "Choo cha watu sita hakiwezi kufanana hivi. Niambie."

Nikamwambia. Nikamweleza habari ya chombo kitupu na wageni na heshima. Alisimama, akapiga paja. "Mama! Kazi ya miezi! Ningeandika sita, wangeamini sita!" Alizunguka ua mara mbili akifoka. Halafu akasimama karibu na ungo wangu, nadhani akaviona tena vile vikopo vilivyojaa sawasawa, na akaanza kucheka. Alicheka mpaka akaegemea ukuta. Na mimi nikacheka, na mabukwe ndani akacheka bila kujua tunacheka nini.

"Haya," akasema akijifuta machozi. "Kwa hiyo ni cha nani?"

"Changu!" nikasema, bado nacheka.

Yeye akaacha kucheka. Akarudi kwenye kinu akakaa. Nikajua kuna jambo.

Alinieleza taratibu, kwa maneno ninayoyakumbuka mpaka leo. Nyama ya nguruwe mgonjwa ina punje nyeupe ndani. Ukiila haijaiva, punje inageuka mnyoo mrefu tumboni mwako, na unaweza kukaa nao miaka usijue. Mnyoo unataga mayai, yanatoka na choo. Nguruwe anayezunguka akila choo kile, anapata punje. Na mtu akiyameza mayai yale, kutoka kwenye mkono ambao haukuoshwa vizuri, punje zinamea ndani ya mwili wake kama zinavyomea kwa nguruwe. Zinaweza kumea hata kwenye ubongo. Hapo ndipo mtu anapoanguka.

Nikamtazama Odetha, alikuwa anachambua maharage kizingitini. Nikaitazama mikono yangu, hii iliyomlisha tangu alipoacha kunyonya.

"Ni mimi?" nikamuuliza. "Ni mimi niliyempa?"

"Sijaona yai likiingia mdomoni mwake," akasema. "Siwezi kusema ni wewe. Siwezi kusema si wewe."

Mungu anisamehe, siku ile nilimchukia. Angepungukiwa nini kama angenidanganya kidogo? Angesema tu, hapana mama, ni maji, ni shule, ni jirani. Nililia mpaka sauti ikakauka. Naye hakuondoka. Alikaa juu ya kinu kile mpaka mume wangu aliporudi kutoka shambani. Alipoondoka akasema jiko la sokoni nilifunge mpaka nitibiwe. Nikamuuliza niwaambie nini watu. "Sema unaumwa," akasema. "Ni kweli." Na yeye hakumwambia mtu. Mpaka leo hii, mpaka nilipoamua kusema mwenyewe, Mabamba hawakujua.

Nilitafuna vidonge, tukamaliza. Akanipima mara tatu kwa miezi tofauti. Mara ya tatu aliinua kichwa kutoka kwenye darubini akasema, "Huna kitu." Nilirukaruka pale zahanati bila haya. Alhamisi iliyofuata nikafungua jiko, nikapika sombe la kupikia harusi, nikamtengea sahani ya kwanza kabisa na kumpelekea kwa magoti. Akaitazama. Akanitazama. "Ahsante, Mama Odetha. Nimeshiba." Hapo ndipo mwiba uliponichoma, na ukabaki humo.

Ila kazi yake hakuipunguza hata kidogo kwa sababu ya hilo, lazima niseme haki. Mabukwe alikataa kufungia nguruwe, akasema nguruwe asiyetembea anakuwa na huzuni. Bwana Maabara hakubishana. Alimwita Bwana Mifugo, wakamlaza nguruwe mkubwa, wakambana taya kwa mti, wakavuta ulimi wake nje, akamwambia mabukwe, "Mama, pitisha kidole chini ya ulimi." Mabukwe akapitisha. Akazisikia punje. Akatoa kidole, akakitazama, akanawa mara tatu, na kesho yake alikuwa wa kwanza kushika jembe kuchimba shimo la choo. Tangu hapo beseni la kunawia watu wote lilipigwa marufuku kwetu. Sasa unamiminiwa maji na jagi, na sabuni, na mabukwe anakukagua kama askari wa mpakani. Aliyeniambia mizimu ni yangu ndiye aliyekuja kuwafundisha majirani habari za mayai, tena anaongeza chumvi.

Odetha alipelekwa Mwanza na wale watafiti kupigwa picha ya kichwa. Daktari wa kule akasema kuna vijidoa viwili, vimeshakauka vimekuwa makovu. Akaanzishiwa vidonge vya kila jioni. Jioni saa moja simu yangu ilikuwa inalia, si kila siku, lakini huwezi kujua ni siku gani, na ni Bwana Maabara: "Amemeza?" Nikisema amemeza, anauliza, "Umeona?" Nikawa sina ujanja, namsimamia mtoto mpaka kidonge kishuke.

Na kwenye shule iliyomfukuza mtoto, alikwenda mwenyewe. Mwalimu mkuu alitaka barua. Yeye akaomba kipindi kimoja cha darasa la Odetha, akaingia na koti lake jeupe, amemshika Odetha mkono, akalala chini kwenye vumbi. "Mimi nimeanguka," akasema. "Nani atanigeuza?" Watoto kwanza waliogopa, halafu wakamvamia, wakamgeuza ubavu, wakamwekea masweta chini ya kichwa mpaka akakaribia kukosa pumzi. Odetha aliniambia alimgeuza mara mbili. Kuanzia siku ile alirudi shule, na alipoanguka tena, mara moja tu, wenzake walijua la kufanya kabla mwalimu hajafika.

Bwana Maabara aliacha kazi kabla ya umri wa kustaafu. Binti mmoja mpimaji aliyekuwa chini yake aliona vimelea kwenye kioo ambacho yeye alikuwa ameshaandika hakuna kitu. Wengine wangenyamaza, binti mwenyewe alitaka kunyamaza. Yeye akaandika barua kwa mganga mkuu: macho yangu hayaoni tena vizuri, mniondoe kwenye darubini. Mtoto wa jicho, macho yote mawili. Akahamia Rungwe Mpya, kwa kina mke wake, na Alhamisi yangu ikawa na benchi tupu. Nilikasirika. Ameondoka na jibu langu.

Mwaka huu Odetha yuko sekondari ya bweni, Kasulu. Bweni! Mimi niliyemficha chumba cha nyuma. Daktari wa Kibondo alimpunguzia dawa kidogo kidogo mpaka akaacha, na ameshamaliza muda mrefu bila kuanguka. Siku ya wazazi kutembelea watoto nilipika usiku kucha, nikabeba hotipoti mbili, kila moja ugali chini na sombe juu. Ya kwanza mwanangu aliimaliza na marafiki zake chini ya dakika kumi. Ya pili sikuifungua. Nikapanda gari kwenda Rungwe Mpya.

Nilimkuta nyuma ya nyumba kwenye banda la nguruwe. Ndiyo, anafuga! Banda la matofali, sakafu ya saruji, safi kuliko vyumba vya wageni ninavyovijua. Jicho moja limeshafanyiwa upasuaji, la pili linasubiri zamu. Amekonda, nywele zimekuwa nyeupe pe. Nikamwamkia.

"Shikamoo, mzee."

Akageuza kichwa. "Marahaba. Mama Odetha? Mwakeye!" Ilikuwa alasiri. "Mtoto?"

"Hajambo. Yuko bweni. Haanguki."

"Umeona?"

"Nimeona kwa macho yangu, leo leo. Amemaliza hotipoti nzima."

Akashika ukuta wa banda, akatikisa kichwa. Nikaona nikingoja nitakosa ujasiri. Nikasema, "Mzee, nimekuja kuuliza neno moja, na wewe hudanganyi. Miaka yote ile hukula kwangu. Ni kwa sababu ya ule mnyoo?"

Mke wake alikuwa anaanua nguo kwenye kamba, akasimama.

"Ndiyo," akasema Bwana Maabara.

Nilikuwa nimejiandaa kwa kila jibu isipokuwa hilo.

"Niliogopa," akasema. "Nilikuwa nawaambia watu msimwogope mgonjwa, naweni mikono tu, yatosha. Nilikupima mwenyewe mara tatu nikaona huna kitu. Na sahani ile ulipoileta, niliyaona yale mayai. Hayakuwepo, lakini niliyaona. Mimi niliyejua zaidi yenu wote ndiye niliyeogopa zaidi yenu wote. Baadaye woga uliisha, ikabaki aibu. Ningekula mwaka wa pili, ungejua kwa nini sikula mwaka wa kwanza. Basi nikawa nakula karanga. Nisamehe, mama."

Nilikuwa nimepanga maneno makali, haki ya Mungu, nimeyapanga kutoka Kibondo. Yote yalinitoka kichwani. Nikamuuliza tu, "Na wale watoto wengine? Waliokuwa kwenye daftari?"

Uso wake ukafunguka. "Hujui? Vile vikopo vyako vitano vya ziada. Nilivitia dawa ya kuhifadhia nikavigawa kwenye vichupa. Kupata mayai mengi namna ile ni shida, mama, unaweza kutafuta mwaka mzima. Kila mpimaji aliyekuja baada yangu, pale Kibondo na mpaka Kasulu hapa, amejifunza kulitambua lile yai kutoka kwenye vichupa vyako. Watu wamepatikana kwa ajili hiyo, wametibiwa kabla watoto wao hawajaanza kuanguka. Nilikufokea bure siku ile."

Nilicheka na kulia kwa pamoja, sijui kipi kilitangulia. Halafu yeye akanusa hewani, akageuza lile jicho jipya kuelekea mkoba wangu.

"Hilo ni sombe?"

"Ni sombe."

"Mke wangu, leta maji."

Nilishika jagi mwenyewe nikammiminia. Alinawa kama zamani, kila kidole na hesabu yake. "Na wewe nawa," akaniambia. Nikamwambia nimeshanawa pale mlangoni. "Sijaona," akasema. Basi nikanawa tena mbele yake, kwa sabuni, mpaka kwenye viwiko, naye ameinama anatazama kwa jicho moja. Nikapakua. Nikafinyanga tonge la kwanza kwa mkono wangu nikampa mkononi, kama ninavyompa mtu wa kwetu. Akalichovya, akalitia mdomoni, akatafuna polepole akiwa amefumba macho.

"Miaka tisa," akamwambia mke wake, "nimekula karanga kama panya." Akaongeza tonge, na jingine, na mwisho akaipangusa hotipoti kwa kidole.

Jioni wakanisindikiza mpaka barabarani. Hotipoti alikuwa ameibeba yeye, na aliponipa ilikuwa nzito. Nilipofika stendi nikafungua kifuniko: karanga za kuchemsha, bado zina joto, mpaka juu. Nikamwita muuza maji, nikanunua chupa moja, nikanawa mikono yote miwili pale kando ya barabara, watu wakinishangaa. Halafu nikakaa juu ya mzigo wangu, nikabanja ya kwanza, nikala.